Vigelegele Vinne

Mzee Ndegwa amezikwa na bendera. Nimeitazama video hiyo mara tatu saa ya chakula, nikiwa nimekalia ndoo iliyopinduliwa katika chumba cha wafanyakazi, chini ya hoteli ninayolinda mlango wake hapa Al Mankhool, Dubai. Kundi la WhatsApp la watu wa nyumbani lilijaa mishumaa na viganja vilivyokutanishwa kwa sala. Msemaji, kijana mwenye koti pana kuliko mabega yake, alishika kipaza sauti akasema marehemu alikuwa simba wa msituni. Ati wakati wa vita vya uhuru alizingirwa na askari wa mkoloni, akajificha pangoni siku tatu bila moto, akila mizizi. Watu wakapiga makofi. Mimi nikauweka mkate chini.

Pango. Hebu niwaeleze habari za pango hilo. Lilikuwa na kitanda cha fito, chungu cha maji ya moto na wanawake wawili. Mmoja alikuwa nyanya yangu. Wa pili yuko hai mpaka leo, anaota moto jikoni kwa mama yangu, na kwenye mazishi hayo hakuna aliyemtafutia hata kiti.

"Unaangalia nini mpaka uso umekuharibika?" akaniuliza Mwanaidi. Mwanaidi ni mtu wa Tanga, anafanya usafi ghorofa ya nne, na tunalala chumba kimoja kule Muhaisnah, kitanda changu juu, chake chini.

"Naangalia watu wakidanganya mbele ya jeneza."

"Marehemu hasemwi, dada."

"Huyu marehemu naye alikuwa hasemi. Shida ilianzia hapo."

Akaniangalia, akaona si siku ya utani, akaendelea na wali wake.

Ninyi wa rika langu, mliolelewa na nyanya huku baba akitafuta riziki mjini, mtanielewa upesi. Kwetu nyanya tunamwita Cucu. Mimi ndiye niliyepewa jina lake, kwa hiyo hakuniita mwanangu wala mjukuu, aliniita wajina, na aliponituma alinituma kama mtu anayejituma mwenyewe, bila huruma. Alikuwa mkunga. Mikono yake ilinuka mafuta ya mbarika na moshi, na mpaka leo nikisikia harufu ya mafuta hayo kwenye duka la Wahindi huko Deira, hugeuka kutazama ni nani yuko nyuma yangu. Nusu ya watu wa kilima chetu waliangukia mikononi mwake. Alikuwa akiwaona watu wazima, wenye ndevu na magari, anasema kwa sauti kubwa, "Huyu alitoka miguu mbele," na mtu mzima anatazama chini.

Kwetu mtoto akizaliwa, habari haikupelekwa kwa maneno. Wanawake walitoka nje wakapiga vigelegele, kimoja kimoja, kila kimoja kirefu mpaka pumzi iishe. Vitano kwa mvulana, vitatu kwa msichana. Aliyekuwa ng'ambo ya mto na jembe mkononi aliacha kulima akahesabu, kisha akasema, "Kwa fulani wamepata mvulana," akaendelea na kazi. Na nyumba yenye mzazi ilikuwa na mwiko wake. Mwanamume hakukanyaga ndani siku zile za mwanzo, hata awe baba wa mtoto. Aliyeingia alihesabiwa kuwa ameharibika, alihitaji kutakaswa na wazee, na hata akishatakaswa alichekwa. Mlangoni yaliwekwa maganda ya miwa ili kila mtu ajue asisogee.

Nilikuwa na miaka kama tisa mama alipojifungua mdogo wangu. Mvua ilikuwa imekata barabara, gari halipandi, kwa hiyo Cucu akafunga leso kiunoni, akawasha moto. Mimi nilikuwa wa kuchota maji. Jua lilikuwa limeshaanza kuinama alipotoa kichwa mlangoni, uso unang'aa jasho, akasema, "Wajina, ni mvulana. Shangazi zako hawapo. Simama pale juu upige vitano. Vya kusikika."

Sijawahi kupewa heshima kama ile tena, hata sare hii niliyovaa haikunipa. Nilisimama kwenye ukingo wa shamba, nikavuta pumzi, nikapiga. Cha kwanza kikaenda mpaka ng'ambo. Cha pili, cha tatu. Cha nne kilinikausha koo, na nilipofungua mdomo kwa ajili ya cha tano moshi wa kuni mbichi ukaniingia, nikakohoa mpaka nikapiga magoti. Nikanyamaza nikijaribu kupata pumzi.

Nilipoinua macho, kilima kilikuwa kimebadilika. Kikongwe mmoja aliyekuwa akichuma sukuma wiki alibwaga kila kitu akaingia ndani, nikasikia komeo. Nyumba ya juu yake, mlango ukafungwa. Na kwa Cucu Wairimu, jirani yetu aliyeishi peke yake, moshi uliokuwa ukitoka jikoni ulikatika ghafla, ukageuka mvuke mweupe. Alikuwa amemwagia moto maji. Wanawake vijana walibaki wamesimama njiani wakitazamana, hawaelewi. Ni vikongwe tu waliokimbia.

Cucu alitoka nyumbani na damu ya mama mikononi, akanizaba kofi, halafu akapiga vitano yeye mwenyewe, virefu. Alipomaliza aliketi kwenye matope. Sikuwahi kumwona ameketi kwenye matope.

Mtoto hupewa ukweli nusu, nusu anajazia mwenyewe. Mimi nilijazia hivi: vitano ni mvulana, vitatu ni msichana, basi vinne ni maiti. Nilikuwa nimemtangazia mdogo wangu kifo. Wiki mbili nilikesha nikiweka kidole chini ya pua yake nione kama anapumua. Akipiga chafya, nalia. Nilianza kuacha chakula, nikiamini kwamba nisipokula mimi, Mungu atamwachia yeye. Mama akadhani nina minyoo akaninywesha dawa, na dawa ikanitapisha, na kutapika kukanihakikishia kwamba laana imeanza kwangu.

Siku Cucu Wairimu alipokuja kumwona mtoto ndipo nilipopasuka. Vikongwe hao wawili walikuwa wanamenya viazi. Nikasema, "Cucu, nimemuua?"

"Umemuua nani?"

"Mtoto. Kwa vile vinne."

Walitazamana, halafu Cucu Wairimu akaanza kucheka, Cucu akafuata, wakacheka mpaka viazi vikawaanguka. Kisha kicheko cha Cucu Wairimu kikageuka, na nikaona anajifuta machozi kwa pindo la kanga, na hakuwa anacheka tena.

"Mwambie," akasema. "Mtoto asije akafa njaa kwa ajili yetu."

Ndivyo nilivyoambiwa. Wakati wa vita, mkoloni aliwakusanya watu wote katika vijiji vilivyozungushiwa handaki, ili wasiwapelekee chakula wapiganaji wa msituni. Wanaume walikuwa ama msituni ama kizuizini. Waliobaki ni wanawake, na wanawake hao ndio waliokuwa barabara, ghala, posta na hospitali ya vita vile. Wapiganaji walivuka handaki wakati wowote walipozidiwa, na ilibidi waambiwe kama kijiji ni salama. Uwaambieje, na homugadi yuko kila kona akisikiliza? Homugadi walikuwa vijana wetu wenyewe waliopewa bunduki na serikali. Cucu akawapa wenzake hesabu. Vitano, vitatu, hivyo ni vya watoto. Vinne si vya mtoto yeyote duniani. Ukisikia vinne, askari wako ndani: usivuke, zima moto, funga mlango.

"Askari wa Kizungu hakujua kuhesabu vigelegele," Cucu alisema. "Kwake sisi tulikuwa kelele tu."

Halafu wakanieleza siku ya Ndegwa. Alikuwa kijana, amepigwa risasi pajani, amevuka usiku uliotangulia, na Cucu alikuwa anamsafisha jeraha ndani ya nyumba yake. Filimbi zikalia. Vinne vikapigwa, lakini kwa Ndegwa havikusaidia kitu, kwani alikuwa tayari yuko ndani. Wairimu alikuwepo pia. Alikuwa msichana wa miaka kumi na mitano aliyekuja kusaidia kuteka maji, ameshachumbiwa, mbuzi wa kwanza wa mahari wameshafika kwao. Cucu alimsukuma Ndegwa chini ya kitanda, akamfunga Wairimu nguo tumboni, akamlaza juu ya kitanda hicho.

"Akaniambia, lia," alisema Cucu Wairimu. "Nikamuuliza, nilie vipi, mimi sijazaa. Akasema, si umewasikia wengine?"

Akalia. Alilia mpaka homugadi waliofika mlangoni wakarudi nyuma hatua tatu. Mwiko ni mwiko, hata kwa msaliti. Mmoja akauliza kutoka nje, "Ni nani anazaa humo?" na Cucu akajibu, "Ni Wairimu." Hakukuwa na jina lingine la kutaja. Yule homugadi alikuwa binamu wa mchumba wake.

Kijiji kilizingirwa siku tatu. Siku tatu Ndegwa alilala chini ya kitanda cha uzazi akila uji wa mzazi, na maganda ya miwa mlangoni yakimlinda. Alipoweza kuvuka kurudi msituni, wanawake walisema mtoto amekufa, wakafukia kitambaa kilichokunjwa. Mbuzi wa mahari wakarudishwa. Wairimu hakuolewa maisha yake yote. Nilipokuwa mdogo wavulana walimwimbia njiani, Wairimu na mtoto wa vichakani, na nakiri hapa mbele yenu kwamba nami niliwahi kuitikia wimbo huo.

"Kwa nini hukusema?" nikamuuliza.

"Nilikula kiapo," alisema. "Kichwa kilichofichwa ni cha Ndegwa. Mwenye kichwa ndiye anayefungua mdomo wetu."

"Na wewe sasa," Cucu akaniambia, "limeingia tumboni mwako. Likae."

Likakaa. Mwaka uliofuata, au ule mwingine, serikali ikatuma makarani kuandika majina ya waliopigania uhuru. Majina yangesomwa uwanjani siku ya sikukuu, mbele ya kila mtu. Cucu hakujali sana. Lakini Cucu Wairimu alifua kitambaa chake cha kichwa mara mbili, akaazima viatu vya mama. Kwake halikuwa jambo la cheti. Kama Ndegwa angesema kilichotokea mbele ya watu, basi kilima kizima kingejua kwamba hakuzaa nje, na kwamba kaburi lile dogo lilikuwa na kitambaa. Alikuwa na zaidi ya miaka sitini, na bado alilitaka hilo kuliko kitu chochote.

Karani aliketi darasani, kwenye meza ya mwalimu. Kando yake aliketi Mzee Ndegwa, na beji kifuani, kwa sababu yeye ndiye aliyechaguliwa kuthibitisha nani alikuwa nani. Nilipomwona nilifurahi. Nilifikiri, sasa kazi imekwisha, mwenye kichwa ndiye huyu hapa.

"Mama, ulifanya nini kwenye vita?" karani akamuuliza Cucu.

"Nilizalisha."

"Naongelea vita, mama. Ulipigana wapi?"

"Nimekujibu. Nilizalisha."

Karani akatabasamu, akamgeukia Cucu Wairimu. Yeye hakumtazama karani. Alimtazama Mzee Ndegwa, akasema polepole, "Mimi nilikuwa nimelala kitandani kwa huyu mkunga. Siku tatu. Nilikuwa nalia."

Mtu nyuma yetu akacheka. Wote walijua alikuwa analilia nini, au walidhani wanajua.

Karani akamuuliza Mzee Ndegwa, "Mzee, hawa unawafahamu?"

Aliwatazama. Naapa alitazama sana. Mkono wake ulikuwa juu ya paja, pale pale penye kovu.

"Nawafahamu," akasema. "Ni majirani. Ni akina mama wema. Walibaki kijijini."

"Basi, akina mama, asanteni. Anayefuata."

Nilifungua mdomo. Nilikuwa na maneno yote tayari, kitanda, uji, maganda ya miwa. Cucu akanishika shingoni kwa mkono ule wenye mafuta ya mbarika, akakaza mpaka nikanyamaza. Nilimchukia njia nzima tukirudi. Nilifikiri ameogopa meza na kalamu, nilifikiri uzee umemfanya mwoga, na nilimwambia hivyo. Hakunipiga.

"Hakuna mwanamume atakayesema alinusurika chini ya kitanda cha mzazi, wajina," alisema. "Tulikwenda kumpa nafasi aseme mwenyewe. Ukimsemea wewe, atakataa, na akishakataa mbele ya watu, Wairimu atakuwa ameishiwa hata na tumaini."

Cucu Wairimu alikuwa mbele yetu, amevua viatu vya kuazima, ameviweka kwapani asije akavichafua. Cucu alikufa miaka michache baadaye, tukamzika kwa nyimbo za kanisa. Mama akamchukua Cucu Wairimu akae kwetu, maana hana mtoto wa kumtunza. Hilo nalo watu walilisema: ona sasa, angekuwa na yule wa vichakani.

Nami nikaja huku, nikapewa meza na kalamu yangu. Kazi yangu ni kuandika nani ameingia na nani ametoka. Huwa naandika majina yote, hata ya wale wanaoleta maji.

Siku yangu ya mapumziko iliyofuata mazishi nilipanda juu ya paa la jengo letu asubuhi, penye kamba za nguo. Mwanaidi alinifuata na beseni lake. Nilikuwa nimemsimulia kila kitu usiku, yeye chini mimi juu, na mwisho alikuwa amesema tu, "Shukrani ya punda ni mateke." Nikafungua simu, nikabonyeza kurekodi, nikavuta pumzi. Nikapiga vinne. Safari hii sikukohoa. Nilikomea hapo kwa makusudi.

Mlinzi wa jengo, mzee wa Peshawar, alipanda ngazi mbio akiwa na tabasamu. "Mabruk, sister! Mabruk! Mvulana? Msichana?" Kiswahili chake amejifunza kwetu.

"Si mvulana, si msichana," nikamwambia. Akacheka, akafikiri namtania, akarudi chini.

Nikaituma kwenye kundi la nyumbani, bila neno. Nilitaka nini? Nilitaka mtu mmoja ashtuke. Majibu yakaanza kumiminika: Hongera! Nani amejifungua? Umetuficha, kumbe umeolewa Dubai? Maua, keki, mtoto wa katuni anayecheza. Watu mia mbili, na hakuna aliyehesabu.

Halafu mama akapiga simu, na sauti yake haikuwa ya hongera.

"Umetuma nini wewe? Nimeicheza hapa jikoni. Cucu Wairimu amechukua birika lote la chai akamwaga kwenye moto. Amefunga mlango. Amelala kitandani kwangu, amejiwekea blanketi tumboni, na analia kama mtu anayezaa. Tumfanye nini?"

Nilimsikia nyuma ya mama. Nimesikia wanawake wakizaa, mimi ni wajina wa mkunga, na kilio kile hakikuwa na kasoro. Nikashika kamba ya nguo. Sikuwa nimemfikiria yeye hata kidogo. Nilikuwa nimefikiria hasira yangu.

"Mpe simu," nikasema. "Cucu, ni mimi. Wameondoka. Askari wote wameondoka."

Kilio kikakatika. Akapumua muda mrefu.

"Na yule mtu? Amevuka?"

"Amevuka, Cucu."

"Salama?"

"Salama."

"Basi mwambie," akasema, kwa sauti ya msichana mwenye haya, "vita vikiisha, aje aseme kwetu kwamba sikuzaa. Mbuzi wasirudishwe."

Nikamwambia nitamwambia. Mwanaidi alikuwa ameacha kuanika nguo, amenitazama, beseni limejaa.

Nilirudi kwenye kundi nikaandika yote, kitanda, siku tatu, uji, jina la Ndegwa na jina la Wairimu. Msimamizi wa kundi ni mwanawe marehemu. Kabla nguo za Mwanaidi hazijaacha kuchuruzika, alikuwa amefuta maneno yangu na kunitoa.

Kwa hiyo nimeandika hapa, mahali asipoweza kufuta. Wairimu hakuzaa. Ndani ya kaburi lile hakuna mtoto. Alilia siku tatu ili mtu aliyekuwa chini ya kitanda asisikike akipumua.